Likeni ya Mapafu: Si Ugonjwa wa Mti

Mara nyingi mtu akaaye karibu na msitu wa milimani huona vitu kama majani mapana vimegandamana na gome la mti mkubwa, akadhani kwamba mti huo umepatwa na ugonjwa. Hutwaa panga akalikwangua gome, au hata akaukata mti wenyewe. Yafaa basi, msomaji, tukitazame kitu hicho kwa makini.

Kitu hicho huitwa likeni. Si mmea mmoja, bali ni kuvu na mwani mdogo sana waishio pamoja. Kuvu hujenga nyumba na kuhifadhi maji. Mwani hutengeneza chakula kwa nuru ya jua. Jambo hili lilitangazwa mwaka 1867 na Simon Schwendener, mtaalamu wa Uswisi. Wenzake wengi walilikataa, lakini baadaye ilithibitika kwamba alisema kweli.

Likeni ninayoieleza leo ni Lobaria pulmonaria, yaani ile ya mapafu. Hupatikana Ulaya, Asia na Amerika ya Kaskazini, na pia katika misitu yenye baridi ya milima mirefu ya Afrika ya Mashariki. Ili kuitambua, angalia mambo manne.

Kwanza, ina vipande vilivyogawanyika kama majani, na upana wa kipande kwa kawaida ni sentimita 1 hadi 3. Pili, uso wake una matuta na mabonde, mfano wa pafu la mnyama. Tatu, ukiigeuza utaona malaika laini ya rangi ya kahawia, na kati yake madoa meupe yasiyo na malaika. Nne, imwagie maji. Ikiwa kavu, rangi yake ni ya kahawia au kijivu; ikilowa, hugeuka kijani kibichi mara moja. Iko nyingine inayofanana nayo, Lobaria retigera, lakini hiyo hata ikilowa haipati rangi ile ya kijani kibichi.

Likeni haina mizizi ya kufyonza chakula cha mti. Hulishika gome tu. Mti mzee ukipukutisha majani, nuru huzidi kufika shinani na likeni nyingine hustawi zaidi. Ndipo watu huyaona matokeo wakayaita chanzo. Mti wako ukinyauka, chunguza mizizi, na utafute wadudu watoboao shina.

Tena likeni hii ina faida. Ndani yake mna bakteria wanasao naitrojeni ya hewani, nayo ikianguka na kuoza huirutubisha ardhi ya msitu. Lakini haivumilii moshi wa viwanda, na kwa sababu hiyo imetoweka katika sehemu nyingi za Ulaya. Hukua milimita chache tu kwa mwaka. Kwa hiyo iliyo kubwa kama sahani imechukua miaka mingi, nawe waweza kuikwangua kwa dakika moja.

Basi kabla ya kushika panga, shika kwanza kikombe cha maji.