Gome Chungu na Chupa ya Siri

Baada ya darasa la juzi mama mmoja alitujia na chupa ndogo yenye maji ya rangi ya kahawa. Aliinunua kwa mchuuzi aliyepita mtaani mwao, akaambiwa ni dawa ya homa ya watoto. Tulipomuuliza imetengenezwa kwa kitu gani, alijibu kwamba mchuuzi amesema hiyo ni siri ya wazee wake. Tuliinusa, tusitambue humo ila asali.

Hapo tukakumbuka kisa cha mti wa kwinini. Mti huu ni wa jamaa moja na mbuni utupao kahawa, na asili yake ni milima ya Andes, huko Peru, Ekuado na Bolivia. Maua yake ni madogo, ya waridi au meupe, yenye harufu nzuri. Lakini dawa imo katika gome, nalo ni chungu mno. Asiyewahi kuionja kwinini na amuulize nyanya yake.

Katika karne ya 17 makasisi wa Kijesuiti walilipeleka gome hilo Ulaya, likatuliza homa zijazo kwa vipindi. Uingereza, Waprotestanti wengi walilitilia shaka kwa kuwa limepitia mikononi mwa Wakatoliki. Akazuka bwana aitwaye Robert Talbor, aliyewaonya watu hadharani wajihadhari na unga wa Wajesuiti, huku mwenyewe akiuza dawa yake ya siri. Ikamletea jaha kubwa: Mfalme Charles II alimpa cheo mwaka 1678, na Louis XIV wa Ufaransa akainunua siri yake kwa sharti isitangazwe mpaka afe. Talbor alifariki mwaka 1681. Siri ilipochapishwa mwaka uliofuata, kumbe ni gome lile lile alilolikashifu, limetiwa ndani ya mvinyo!

Hatusemi kwamba hakuponya watu, aliwaponya. Lakini mnywaji hakujua anywacho wala kipimo chake, na kipimo ndicho roho ya dawa. Magome ya miti hiyo hayalingani: mengine yana kwinini tele, mengine kidogo sana. Ni mwaka 1820 ndipo Wafaransa wawili, Pelletier na Caventou, walipoitoa kwinini yenyewe ndani ya gome, ikawezekana kuipima. Ikipungua, homa hurudi. Ikizidi, masikio huvuma, macho hufifia, sukari ya damu hushuka, na moyo waweza kudhurika. Siku hizi hospitali hutumia zaidi dawa nyingine za malaria, nazo pia hutolewa kwa uzito wa mtoto.

Hayo yote hatukumweleza mama yule, kwani mtoto alikuwa mgongoni mwake, akihema kwa joto. Tulimwomba atuachie chupa, aende zahanati mtoto apimwe damu. Akasita. Alikuwa ameilipia shilingi mia tatu, na mume wake yuko baharini. Tukamrejeshea mia tatu zake, na mmoja wa wanafunzi wetu akamwitia tukutuku.

Damu ilionyesha malaria. Mtoto alimaliza dawa zake za siku tatu, na sasa amerudi kuwasumbua dada zake. Chupa tunayo bado, na mchuuzi akipita tena tuna swali la kumuuliza.