Anderson ni bin Andrea, sasa tunamcheka nini?

Kuna utani umekuwa wimbo kwenye kozi yetu ya ualimu, na safari hii nataka niuseme hadharani maana umenichosha. Kila mwalimu mgeni akiita mahudhurio na kufika kwenye jina la Anderson, lazima atokee mtu nyuma aulize: "Hilo jina lake au la ukoo?" Darasa linacheka. Anderson mwenyewe, ambaye kwao ni Bukoba na amekuja Unguja kusoma, anacheka pia kwa adabu, kama mtu anavyocheka ugenini. Kilichomo ndani ya utani ni hiki: watu wa bara wanabeba majina ya Wazungu bila kujua maana yake, tena wanabeba mpaka jina la ukoo na kumpa mtoto mchanga.

Mimi nasema hivi. Katika majina yote ya kigeni yaliyomo kwenye orodha ya darasa letu, hilo ndilo lililo karibu kabisa na sisi Wazanzibari. Anayelicheka anaicheka bin yake mwenyewe.

Tuanze na jina lenyewe. Anders ni Andrea kwa ndimi za watu wa Skandinavia, yaani Uswidi, Norwei na Denmaki. Andrea asili yake ni Kigiriki, na ndani yake mna neno la mwanamume. "Son" ni mwana. Kwa hiyo Andersson wa Uswidi, kwa s mbili, na Andersen wa Denmaki na Norwei, wote ni mwana wa Andrea. Waskoti na Waingereza nao wana Anderson yao, imetoka kwa Andrea huyohuyo kwa njia nyingine. Ukilitia jina hili katika Kiswahili cha wazee wetu unapata maneno mawili tu: bin Andrea.

Na zamani huko kwao lilitumika kama bin hasa. Mtu anaitwa Nils, amezaa mtoto akamwita Anders. Mtoto huyo ni Anders Nilsson. Anders naye akizaa, mwanawe Per anakuwa Per Andersson, na binti yake Karin anakuwa Karin Andersdotter, maana dotter ni binti. Nilsson limeshabaki kwa baba yao, haliendi mbele. Kila kizazi na bin yake. Mwanamke wa kijijini akiolewa hakuliacha jina la baba yake, aliingia nalo kwa mume na akazikwa nalo. Sasa niambieni, wenzangu wa Unguja na Pemba, hapo kipi kigeni?

Mfano wetu mkubwa mnaujua. Siti binti Saad alizaliwa Fumba na akapewa jina la Mtumwa. Siti ni jina la heshima, lilikuja ukubwani alipokwishakuwa mwimbaji wa mjini. Mwaka 1928 akapanda meli kwenda Bombay kurekodi santuri. Jina la utotoni likaondoka, la heshima likakaa, lakini binti Saad halikuguswa na mtu. Mkulima wa Uswidi wa zama hizo za nyuma angelielewa bila ya mkalimani: Saadsdotter.

Sasa kilichotokea huko ni karatasi. Serikali zilitaka kujua nani ni nani, kwa kodi, kwa jeshi, kwa vitabu vya kanisa. Denmaki ilianza mapema, amri ya mwaka 1828 ikitaka mtoto abatizwe na jina la ukoo. Uswidi ikaweka kanuni yake mwaka 1901. Norwei ikatunga sheria mwaka 1923. Maana ya yote hayo kwa mtu wa kawaida ilikuwa moja: bin uliyonayo siku karani anapokuandika, hiyohiyo wape watoto, na wao wawape wajukuu. Bin ikaganda. Ndiyo maana leo unaweza kukutana na mwanamke wa Stockholm anaitwa Andersson, baba yake anaitwa Lars, na Andrea mwenyewe alikufa zaidi ya miaka mia iliyopita. Yeye ni "mwana wa kiume wa Andrea" na hakuna kimoja katika hayo kilicho kweli.

Kuna jambo jingine la huko linanifurahisha. Jeshini walikuwa na akina Andersson wengi mno katika kikosi kimoja, ikawa kamanda akiita wanaitika nusu ya askari. Wakaanza kuwapa majina mafupi: Rask, yaani mwepesi, Modig, jasiri, Sköld, ngao. Mengine yakaja kuwa majina ya ukoo. Sisi hatukuhitaji jeshi. Mtaa wenye Juma Haji wanne huzaa Juma Mrefu, Juma Fundi, Juma wa Bi Fulani, na mmoja ambaye jina lake la utani siwezi kuliandika katika jarida hili.

Na ilikuwaje la ukoo likawa jina la mtoto? Kuanzia katikati ya miaka ya 1800 hadi kuingia miaka ya 1900, Waswidi zaidi ya milioni moja walihamia Marekani, na s moja ya Andersson ikawadondoka wengi wao njiani. Marekani wana mazoea ya kuchukua jina la ukoo na kumtangulizia mtoto. Likashuka mpaka Brazili, ambako Anderson ni jina la kwanza la kawaida kabisa. Wapenzi wa Manchester United mnamkumbuka kiungo wao, hakuna aliyemuuliza kama hilo ni la ukoo. Kwetu bara watu wa Skandinavia walikuja kwa njia ya kanisa. Kanisa la Augustana, la Waswidi waliohamia Marekani, lilituma wamisionari Tanganyika miaka ya 1920, nao wakafanya kazi Singida. Na Bukoba, askofu wa kwanza wa Kilutheri alikuwa Mswidi, Bengt Sundkler, kuanzia 1961 mpaka 1964. Majina husafiri pamoja na watu, kama yalivyokuja ya kwetu na majahazi.

Lakini huyu wa darasani kwetu jina lake halikutoka kwa mmisionari yeyote. Nilimuuliza tukiwa kwenye daladala, tumebanwa hatuna pa kwenda. Akaniambia baba yake anaitwa Andrea. Mzee alisikia kwamba Anderson maana yake ni mwana wa Andrea, akasema basi mtoto wangu ndiye huyo. Kwenye cheti anaandikwa Anderson Andrea, halafu jina la ukoo wao. Ukitafsiri yote unapata "bin Andrea wa Andrea". Mzee yule alifanya kitu ambacho Waswidi wenyewe wamekiacha: amelirudishia jina kazi yake. Na sisi wenye bin tukakaa nyuma ya darasa kucheka.

Ningeweza kuishia hapo kama shida ingekuwa utani tu. Shida ni kwamba karatasi ile iliyowafika wao, sasa imetufika sisi, na tunaijaza bila kufikiri.

Mwaka jana niliomba nafasi kwenye warsha ya vijana nje ya nchi, kwa mfumo wa mtandaoni. Jina la kwanza, la kati, la ukoo. Mimi nina langu, la baba na la babu, nikayapanga kama yalivyo. Barua ya kukubaliwa ikaja kwa heshima zote ikimwambia Bwana, halafu jina la babu yangu. Mvuvi wa Nungwi, aliyefariki kabla sijazaliwa, kaalikwa warsha ya siku nne. Mimi msichana niliyeandika insha sikutajwa. Nyumbani walicheka mpaka machozi. Ila jina hilo ndilo lililoandikwa kwenye tiketi, na kulirekebisha tulilipa pesa.

Msinione nalalamika kwa kitu kidogo. Mheshimiwa Rais Samia Suluhu Hassan, mwana wa Makunduchi, akitajwa na vyombo vya habari vya nje mara nyingi anaitwa Rais Hassan. Kwa mpangilio wetu jina la pili ni la baba na la tatu ni la babu. Kwa hiyo dunia nzima inasoma habari za babu. Sisi tunasema Mama Samia na tunaelewana.

Kwa wengine si kicheko. Ami yangu alisafiri na mwanawe kumpeleka matibabu. Kwa hati za kusafiria, "jina la ukoo" la baba lilikuwa la babu yake, na la mtoto likawa la babu wa mtoto, ambaye ni baba yake ami. Majina mawili tofauti, kama inavyopasa. Wakawekwa kwenye kiti saa nyingi, wakiulizwa kama huyu kweli ni mwanao, mtoto ana homa. Mfumo wetu hauna kosa lolote. Aliyekuwa kwenye meza ile alikuwa anautazama kwa miwani ya 1901.

Najua jibu la wengi: basi tuwe na majina ya ukoo yaishe. Sina ugomvi na anayechagua. Mji Mkongwe umejaa majina ya ukoo tangu zamani. Wenye asili ya Oman wana yao, Al-Barwani, Al-Harthy. Maparsi wana yao. Freddie Mercury alizaliwa hapa mwaka 1946 akiwa Farrokh Bulsara, na Bulsara ni mtu wa Bulsar, mji wa Gujarat. Hata Nobel, jina la tuzo aliyopewa Abdulrazak Gurnah wetu mwaka 2021, limetokana na mahali pa kusini mwa Uswidi paitwapo Nöbbelöv. Na kuna familia zilizoamua wenyewe: Hussein Ali Mwinyi, kwa mpangilio mkavu, angekuwa Hussein Ali Hassan. Amani Abeid Karume angekuwa Amani Abeid Amani. Wao wamelishika jina moja likawa la nyumba. Safi kabisa. Wamechagua.

Ninachokataa ni karani kukuchagulia. Na wanaosema dunia ya kompyuta haiwezi kwenda bila jina la ukoo waitazame Aislandi, nchi ya Skandinavia ileile, tajiri, ina kompyuta kutuzidi. Wao waliigomea karatasi. Sheria yao ya mwaka 1925 ilizuia watu kujitungia majina mapya ya ukoo, na bin yao inaendelea mpaka leo. Rais wao Vigdís Finnbogadóttir, aliyechaguliwa mwaka 1980, ni Vigdís binti Finnbogi, na watu walimwita Vigdís tu. Kitabu chao cha simu kilipangwa kwa jina la kwanza. Benki zinafanya kazi na ndege zinaruka.

Kwetu kuna la zaidi. Jina la baba kwa Muislamu ni nasaba, lina hukumu zake; aliyesoma Surat al-Ahzab anajua aya ya 5 inazungumzia nini. Kulifanya jina la babu kuwa kichwa cha mtu na la baba likawa "la kati", ambalo mifumo mingi hulifupisha kwa herufi moja yenye nukta, si jambo dogo. Baba anakuwa nukta.

Sasa mbona nawaandikia nyinyi, na hasa wa kozi ya ualimu? Kwa sababu karani mwenyewe ni sisi. Muhula ujao tunakwenda mazoezini. Utapewa daftari la mahudhurio kwenye skuli ya Makunduchi au Mkokotoni, watoto tisini, na utakuwa na haraka. Utakachoandika ndicho kitakachopanda na mtoto darasa hadi darasa, kiende Baraza la Mitihani, kitoke kwenye cheti cha kidato cha nne. Baada ya hapo kukibadilisha ni kiapo cha mahakamani, nauli na kuambiwa njoo kesho. Mandela alikwenda skuli akiwa Rolihlahla, na siku ya kwanza tu mwalimu wake akampa Nelson. Mwalimu hakuwa mtu mbaya, ndivyo walivyofanya walimu wa wakati ule. Lakini tazama nguvu ya mtu mmoja na chaki.

Kwa hiyo muulize mtoto. Jina lako nani, la baba nani, la babu nani. Andika kwa mpangilio huo na tahajia ya nyumbani kwao, Ameir ibaki Ameir. Akiwa na la ukoo, kama Anderson, atakwambia.

Na serikali yetu ya wanafunzi nina ombi moja la kupeleka kwa ofisi ya udahili kabla fomu za mwaka mpya hazijafunguliwa. Pale palipoandikwa jina la kwanza, la kati na la ukoo, pawekwe jina lako, jina la baba na jina la babu, na chini yake nafasi ya nne: jina la ukoo, kama lipo. Ni mistari minne. Mimi niko tayari kuichapa.