Kodi kubwa si sababu ya kumtoa mwenye duka

Sheria ya Kenya ya mwaka 1965 kuhusu upangaji wa maduka, hoteli na mikahawa haimruhusu mwenye jengo kumtoa mpangaji anayelindwa nayo eti kwa kuwa amepata mwingine wa kodi kubwa. Kumfungia kwa kufuli usiku ni uonevu mtupu. Sharti mwenye jengo atoe notisi ya maandishi isiyopungua miezi 2, yenye sababu inayotambuliwa, kama malimbikizo ya kodi, ukiukaji wa masharti, ubomoaji, au nia ya kulitumia mwenyewe kwa angalau mwaka 1. Wanaosema hilo linapora haki ya mali wanasahau kwamba sheria hiyohiyo inampa mwenye jengo njia ya kuomba kodi ipandishwe. Mpangaji naye amewekeza pale, na wateja hawahamishiki kama rafu.