Taa Inawaka, Njia Haipo
Taa ya antena ya waifai ikiwaka na simu isifungue chochote, lawama zote huiangukia antena, na mara nyingi ni kuionea. Programu inayosimamia antena huzipa mipangilio tu: jina la mtandao, nywila, masafa. Ikizimika, antena nyingi huendelea na kazi kama kawaida. Kinachokatika aghalabu ni njia: ruta haijui ipeleke wapi data. Fundi makini hupima kwa hatua, kwanza ruta ya karibu, kisha mitambo ya kampuni ya intaneti, kisha nje. Pasipojibu, hapo ndipo pa kuchimba. Kwa mkazi wa Kibati, chini ya volkano ya Nyiragongo nchini Kongo, intaneti inayofika si anasa. Wapandaji wa mlima huo walikuwa wakianzia hapo, na usalama wa wanaoishi chini ya mlima unategemea data zinazofika OVG, kituo cha Goma kinachochunguza volkano. Ufadhili wa Benki ya Dunia ulipokoma mwaka 2020, OVG ilikaa miezi bila intaneti. Intaneti iliporudi Aprili 2021, zilibaki wiki chache tu kabla ya Nyiragongo kumwaga lava Mei 22. Sisemi intaneti ingeizuia lava (ruta ya namna hiyo bado haijauzwa). Nasema wafadhili hupenda kupigwa picha na mitambo mipya, wakati bili ya mwezi, na nakala ya mipangilio kabla ya kusasisha programu, hazina wa kuzipiga picha. Mnaoandika bajeti, anzeni na hizo mbili.