Kodi Inamjua, Bima Haimjui

Chukua Wakenya wawili wanaoishi kwa kuuza. Wa kwanza ni keshia katika supamaketi kubwa jijini Nairobi, mwenye mshahara wa shilingi 30,000 kwa mwezi. Wa pili anauza viatu na mikoba mtandaoni. Mali anaitoa kwenye masoko ya Kamukunji na Eastleigh, anaipiga picha sebuleni kwake, anaiweka kwenye masoko ya mtandaoni ya Jumia na Kilimall, na kwa mwezi wa kawaida anauza bidhaa za shilingi 200,000. Tukikadiria faida yake kuwa asilimia 15, anabaki na shilingi 30,000 zile zile. Mapato ni sawa na kazi zinafanana. Lakini siku mmoja wao akivunjika mguu, akijifungua au akizeeka, utadhani kila mmoja anaishi chini ya sheria za nchi yake.

Tofauti hiyo ilikuwa na sababu zamani. Hifadhi ya jamii nchini Kenya ilijengwa juu ya mkataba wa ajira kwa kuwa mwajiri ndiye aliyekuwa mahali rahisi pa kukusanyia michango: anajua nani analipwa, kiasi gani na lini. Leo mwenye soko la mtandaoni anajua mambo hayo hayo kuhusu muuzaji wake, na serikali tayari inamtumia kukusanya kodi. Kwa maoni yangu, njia inayopitisha kodi ipitishe pia bima na pensheni, na mwenye soko naye atie mkono mfukoni.

Tuanze na keshia. Kila mwezi anakatwa asilimia 2.75 ya mshahara kwa ajili ya bima ya afya ya SHIF, iliyochukua nafasi ya NHIF tarehe 1 Oktoba 2024. Hizo ni shilingi 825. Kwa mfuko wa pensheni wa NSSF anakatwa asilimia 6, yaani shilingi 1,800, na mwajiri anaongeza kiasi kama hicho, hivyo akiba yake ya uzeeni inakua kwa shilingi 3,600 kila mwezi. Kabla ya viwango vipya kuanza kutumika mwaka 2023, kila upande ulikuwa unatoa shilingi 200 tu. Sheria ya Ajira ya 2007 inampa mama likizo ya uzazi ya miezi mitatu yenye mshahara kamili, na baba wiki mbili. Akianguka kutoka kwenye ngazi ya ghala na kupata ulemavu wa kudumu usiomwezesha kufanya kazi tena, sheria ya fidia kazini, WIBA, inamwekea fidia ya mapato ya miezi 96, na inamlazimu mwajiri kukata bima ya kugharamia fidia hiyo.

Muuzaji wa mtandaoni hana hata moja kati ya hayo, isipokuwa bima ya afya, nayo inamjia kwa mlango wa nyuma. Katika SHIF mwajiri haongezi chochote, kwa hiyo kwa upande wa fedha keshia na muuzaji wako sawa. Wanachotofautiana ni namna ya kulipa. Keshia anakatwa kidogo kidogo kabla hajaushika mshahara. Muuzaji anapimwa uwezo wa kaya yake, kisha anatakiwa kulipa mchango wa mwaka mzima kwa mkupuo. Kiwango cha chini ni shilingi 300 kwa mwezi, sawa na 3,600 kwa mwaka. Kwa mtu wa mapato ya 30,000, asilimia 2.75 inafika shilingi 9,900. Kumwambia mfanyabiashara atoe 9,900 mwezi Januari, wakati karo za shule zinadaiwa na wateja wamekauka baada ya Krismasi, ni kumsukuma nje ya bima huku ukimlaumu kwa kutojiunga. Mpango wa mkopo wa kulipia bima polepole umeletwa kuziba pengo hilo, lakini mkopo ni deni, na mwenye mshahara hakopeshwi ili alipe bima yake.

Kwa sasa bima halisi ya muuzaji huyu ni watu. Akilazwa, kundi la WhatsApp linafunguliwa, namba ya paybill inasambazwa, na chama chake kinatoa kilicho kwenye kasha. Moyo huo ni wa kusifiwa, ila una mipaka. Harambee humfikia zaidi mwenye marafiki wenye fedha, huja baada ya bili kuwa kubwa, na hakuna kundi la WhatsApp linalomchangia mtu pensheni kwa miaka 20.

Hata hivyo, tusimpake keshia rangi ya mtu aliyeneemeka. Biashara ya supamaketi Kenya imezika majina makubwa. Uchumi iliporomoka, Nakumatt ikapigiwa kura ya kufilisiwa Januari 2020, Tuskys ikafuata. Shoprite na Choppies zilikuja kutoka kusini mwa Afrika na kufunga virago. Wafanyakazi wengi waliachwa wakidai mishahara, na kampuni ikishafilisika, dai la mfanyakazi linapambana na benki zilizoshikilia mali kama dhamana. Mchango wa mwajiri una maana pale tu unapofikishwa kwenye mfuko. Makato yaliyoandikwa kwenye hati ya mshahara lakini hayakufika NSSF ni mshahara ulioibwa kwa karatasi rasmi.

Tena si kila anayevaa aproni dukani ana mkataba mmoja. Kwenye rafu moja unaweza kumkuta mwajiriwa wa kudumu, mpanga bidhaa aliyeletwa na kampuni ya unga au sabuni, na kibarua wa wakala. Kifungu cha 37 cha Sheria ya Ajira kinataka kibarua anayefanya kazi mfululizo kwa mwezi au zaidi ahesabiwe kuwa mwajiriwa wa kulipwa kwa mwezi, pamoja na haki zake. Chama cha wafanyakazi wa biashara na vyakula, KUCFAW, kinawasemea zaidi walio ndani ya mikataba ya pamoja. Aliyeletwa na wakala anabaki pembeni. Hivyo mafao yanayotegemea mwajiri mmoja yanayumba hata pale mwajiri anapokuwepo.

Upande wa pili una hoja zake, nazo ni nzito. Ya kwanza ni kwamba muuzaji wa mtandaoni ni mfanyabiashara. Anachagua bidhaa, anapanga bei, anaweza kuuza kwenye masoko matatu kwa wakati mmoja na kufunga duka akitaka. Mwenye kioski cha Githurai hachangiwi pensheni na mwenye nyumba aliyempangisha; kwa nini Jumia imchangie aliyeweka viatu kwenye tovuti yake? Sehemu ya jibu iko katika mamlaka aliyo nayo mwenye soko. Mwenye nyumba wa kioski hapangi siku ya muuzaji kulipwa, haamui mteja arudishe bidhaa kwa masharti gani, hachukui kamisheni ya kila kiatu, wala hamwondoi mpangaji machoni pa wanunuzi kwa kubonyeza kitufe. Jukwaa linafanya yote hayo. Muuzaji hajawa mwajiriwa, lakini uhuru wake ni mdogo kuliko wa mwenye kioski, na wajibu unapaswa kufuata mamlaka kwa kadiri yake. Simdai mwenye soko likizo ya uzazi wala kiinua mgongo. Namdai mchango mdogo unaolingana na mauzo.

Hoja ya pili ni ya hofu: mkiwabana wataondoka. Jumia iliondoka Tanzania Novemba 2019, na Copia, iliyowahudumia wateja wa vijijini Kenya kupitia mawakala, ilikabidhiwa kwa wasimamizi wa kampuni zilizoshindwa kulipa madeni Mei 2024. Faida katika biashara hii ni nyembamba kweli. Lakini hakuna kati ya kampuni hizo iliyokuwa ikidaiwa pensheni ya wauzaji. Zilielemewa na gharama za kusafirisha mizigo, bei za ushindani na wawekezaji waliochoka kusubiri. Zaidi ya hapo, jukwaa lina njia ya kugawa mzigo. Asilimia 1 ya kiatu cha shilingi 2,000 ni shilingi 20, na sehemu yake bila shaka itaishia kwenye bei. Wanunuzi tutailipa, kama tunavyoilipa pensheni ya keshia kila tunaponunua unga dukani bila kuiona.

Sasa tuangalie kodi. Marekebisho ya sheria yaliyoanza kutumika Desemba 2024 yaliwatwika wenye masoko na majukwaa ya kidijitali jukumu la kukata asilimia 5 kwenye malipo yanayopitia kwao kwenda kwa mkazi wa Kenya, na kuipeleka kwa mamlaka ya kodi, KRA. Hapakuwa na mjadala mrefu kuhusu kama muuzaji ni mwajiriwa au mfanyabiashara. Palikuwa na malipo, palikuwa na anayeyapitisha, na hilo likatosha. Ikiwa hesabu ya KRA inaweza kufanywa kabla fedha hazijafika kwenye M-Pesa ya muuzaji, hesabu ya SHIF na NSSF inaweza kufanywa papo hapo.

Hebu tupige hesabu hiyo. Muuzaji wetu wa 200,000 akatwe asilimia 1 ya mauzo, na jukwaa liongeze asilimia 1. Kila upande unatoa shilingi 2,000, jumla 4,000. Kwa faida ya asilimia 15, makato yake yanakuwa kama asilimia 6.7 ya mapato halisi, chini ya asilimia 8.75 anayokatwa keshia kwa SHIF na NSSF pamoja. Katika hizo 4,000, shilingi 825 ziende bima ya afya, tuseme 175 ziende bima ya ajali ya kundi, na 3,000 ziingie pensheni. Keshia na mwajiri wake, kwa mapato yale yale, wanaweka jumla ya shilingi 4,425. Pengo lililokuwa kama bonde linabaki hatua chache.

Mipango ya hiari tumeijaribu. Mpango wa pensheni wa Mbao ulimwomba fundi wa jua kali aweke shilingi 20 kwa siku; ule wa Haba Haba wa NSSF unapokea kuanzia shilingi 25. Yote ni mizuri, na yote ina udhaifu mmoja: inategemea mtu akumbuke kila siku, tena peke yake, bila wa kumwongezea. Rwanda ilipoanzisha mpango wake wa akiba ya uzeeni, Ejo Heza, mwaka 2018 iliongeza kivutio: serikali ilichangia akaunti za wenye kipato kidogo, na mwekaji akapata bima ya maisha na ya mazishi. India nayo, katika sheria yake ya hifadhi ya jamii ya 2020, iliyaweka masoko ya mtandaoni kwenye orodha ya kampuni za kuchangia kati ya asilimia 1 na 2 ya mauzo ya mwaka. Sheria hiyo iliandikwa ikimfikiria zaidi dereva na mpeleka mizigo kuliko muuzaji, lakini imekubali kwamba anayefaidika na kazi ya watu wasio waajiriwa wake ana sehemu ya kulipa.

Yamebaki maswali mawili magumu. Moja ni la wanaouza kwa WhatsApp, Instagram na TikTok, ambako mteja analipa moja kwa moja kwenye simu na hakuna wa katikati anayeona bei. Hawa ni wengi, na mpango huu hautawafikia mara moja. Hatari ni kwamba makato yatawahamisha wauzaji kutoka kwenye majukwaa rasmi kwenda huko. Ndiyo maana mchango wa jukwaa ni wa lazima. Muuzaji anayeona shilingi yake ikizaa nyingine ana sababu ya kubaki. Anayeona makato matupu ana sababu ya kukimbia. Lingine ni imani. Hospitali za binafsi zimelalamikia madeni ya bima ya umma mara nyingi, na mtu aliyefukuzwa kaunta ya hospitali akiwa amelipa hatasikiliza hotuba kuhusu umuhimu wa kuchangia. Kila makato yampe mwanachama ujumbe kwenye simu siku hiyo hiyo, ukionyesha kilichotoka kwake, kilichotoka kwa jukwaa na kilichopokelewa na mfuko. Wafanyakazi wa supamaketi wapewe ujumbe huo huo, ili mwajiri anayekata bila kupeleka agundulike mwezi wa kwanza badala ya siku ya kufilisika.

Pa kuanzia ni bima ya afya: Bunge liruhusu asiye na mshahara alipe SHIF kwa mwezi kupitia jukwaa analouzia, bila mkopo. Pensheni ifuate, mchango wa jukwaa ukianzia nusu ya asilimia na kufika asilimia 1 baada ya muda uliopangwa, ili kampuni changa zisishtukizwe. Namba ya uanachama iwe ya mtu, atoke Jumia aende Kilimall, au aache mtandao na kuajiriwa dukani, akiba yake ikimfuata. Kuchelewa kuna bei yake. Kwa hesabu ya hapo juu, kila mwaka unaopita muuzaji huyu anakosa shilingi 36,000 za pensheni. Aliye na miaka 30 leo akisubiri mpaka 60, amepoteza shilingi 1,080,000 kabla hatujahesabu faida ya uwekezaji hata ya mwaka mmoja.