Kilicholetwa kwa Meli Si Kejeli

Kuna maneno mawili yasemwayo juu ya kicheko cha Waafrika, na yote mawili twayakataa. La kwanza latoka kwa wageni. Wasema kwamba sisi hucheka sana na kwa kila kitu, lakini kejeli yenye akili, ile ya kumchoma mkubwa kwa maneno, ni kazi ya Ulaya. La pili latoka kwa wakubwa wetu wenyewe: kwamba kumcheka mkubwa si mila yetu, ni desturi ya Wazungu iliyotuingilia. Tazameni jinsi wanavyopatana! Mmoja atudharau, mwingine ajikinga, na wote wawili wafikia neno moja.

Ni kweli, watu hawacheki kwa namna moja duniani. Mwingereza hupenda kusema kinyume cha anachofikiri, tena bila kubadili uso. Jonathan Swift, mchungaji wa Kianglikana wa Dublin, alitoa kijitabu mwaka wa 1729 akishauri watoto wa maskini wa Ireland wauzwe wawe chakula cha matajiri, na bei yao akaihesabu. Asiyejua desturi hiyo atamwita mwendawazimu, kumbe alikuwa akiwashitaki matajiri. Mfaransa hupenda picha, humchora mkubwa na tumbo kubwa na kumtundika mbele ya watu wote. Kwao ruhusa ya kucheka hupewa mwandishi na gazeti lake, hata kama hamjui kabisa anayemcheka.

Kwetu ruhusa hufuata ujamaa. Babu humwita mjukuu wake wa kike «bibi yangu», na mtoto humjibu kwamba hataki mume asiye na meno. Watu hucheka, wala hakuna aonaye adabu imevunjwa. Lakini mtoto yule yule hathubutu kumwambia baba yake neno kama hilo. Ng'ambo ya Ruzizi, huko Rwanda, koo za Abasinga, Abazigaba na Abagesera zina haki ya zamani ya kuwatania watu wa koo nyingine. Huko Tanzania jambo hilo laitwa utani, nalo laingia hata msibani. Mtani wa marehemu huja akaiga mwendo wake na ubahili wake mbele ya wafiwa, nao hawana ruhusa ya kukasirika. Wahehe na Wangoni waliuana vitani katika karne ya 19. Wajukuu wao hutaniana. Na mbali kabisa, huko Mali, mtu humwita mtani wake «mla maharagwe», na umati mzima huangua kicheko. (Sisi wa Bukavu tungetukanwa mchana na jioni.)

Sheria ya utani ni kwamba achekwaye ana haki ya kujibu, na jibu lake halina adhabu. Shikeni neno hilo, maana tutalihitaji.

Basi, je, wakubwa waliwekwa nje ya kicheko? Hasha. Hadithi za Sungura, na za Kabundi huko kwa Waluba, zasimulia nini ila mdogo amshindaye mwenye nguvu kwa akili? Watumwa walizichukua hadithi za namna hiyo hata Marekani. Huko Mombasa, Muyaka bin Haji, aliyefariki karibu na mwaka wa 1840, alizirushia Lamu na Unguja mashairi ya kejeli kabla pwani ile haijaona gazeti. Na Wakongo je? Stanley walimpa jina la Bula Matari, mvunja mawe, kisha wakalivika jina hilo Serikali nzima. Siku za Mobutu kila Mzaire alihesabiwa kuwa mwanachama wa chama kimoja, MPR, tangu kuzaliwa kwake. Watu wakazifasiri herufi hizo tatu kwa Kifaransa chao wenyewe: «Mourir Pour Rien», yaani kufa bure. Hakuna Mzungu aliyewafundisha.

Tena kuna Kifungu cha 15. Katika Katiba ya 2006 kifungu hicho chaagiza kwamba mamlaka za nchi zihakikishe kukomeshwa kwa ukatili wa kingono. Lakini mwulize mtu yeyote sokoni Kadutu Kifungu cha 15 chasema nini, atakujibu mara moja: «Mjitafutie!» Mzaha huo ni wa tangu miaka ya kwanza ya uhuru, na kila serikali imeukuta na kuuacha ukiwa hai. Sisi tunaoishi katika mji huu, tunaojua wanawake wangapi wamefikishwa hospitali ya Panzi, twaona kwamba hakuna mwandishi wa Paris aliyepata kuandika kejeli kali kuliko hiyo. Nayo haina mtungaji.

Sasa turudi kwa mgeni. Kati ya 1930 na 1931 Hergé alichora safari ya Tintin katika Kongo. Gazeti lililotoa picha hizo mjini Bruxelles lilikuwa la Kikatoliki, na mkuu wake alikuwa padri, Norbert Wallez. Hatufichi. Katika picha zile Mkongo ana midomo mikubwa na akili ndogo, na Tintin aingia darasani kuwafundisha watoto weusi habari za nchi yao, Ubelgiji. Katika chapa ya 1946 somo hilo liligeuzwa kuwa hesabu. Mkongo mmoja akaishi Ubelgiji, Bienvenu Mbutu Mondondo, alikipeleka kitabu mahakamani mwaka wa 2007, na mwaka wa 2012 akashindwa. Wengi wakasema: ni mzaha tu, Waafrika hawajui kucheka. Twajua kucheka sana! Ila twauliza swali la mtani: mwaka wa 1931 ni gazeti gani lililompa Mkongo nafasi ya kumchora Mbelgiji? Mzaha usiojibiwa si utani. Jibu lilichelewa, lakini limekuja: huko Kinshasa mafundi huchonga sanamu za Tintin za mti na kuwauzia wageni. Ni nani sasa amchekaye mwenzake?

Wala tusijisifu. Redio RTLM ya Rwanda, iliyoanza mwaka wa 1993, ilichekesha. Ilikuwa na muziki mzuri na watangazaji wenye mizaha, na gazeti la Kangura lilikuwa na picha zake za kudhihaki. Mwaka wa 2003 mahakama ya Arusha iliwahukumu wakuu wao kwa kosa la mauaji ya kimbari. Waliochekwa hawakuwa na redio ya kujibu, kisha hawakuwa na uhai. Anayetuambia leo kwamba kulidhihaki kabila la jirani yake ni utani, na amwulize jirani kama yeye naye ana ruhusa.

Lakini mkubwa mwenye askari na gereza hawezi kujiweka katika kundi la wanyonge hao. Asema sheria ya kumlinda ni mila yetu. Mila ipi? Sheria ya Kongo ya kuadhibu makosa dhidi ya Mkuu wa Nchi ni ya tarehe 16 Desemba 1963. Wabelgiji walikuwa na ya kwao ya kumlinda mfalme tangu 1847, na mahakama yao ya katiba iliikataa mwaka wa 2021. Mfaransa Daumier alihukumiwa kifungo cha miezi sita mwaka wa 1832 kwa kumchora mfalme akimeza fedha za raia. Ulaya ndiyo iliyoyazoea magereza hayo. Kilicholetwa kwa meli si kejeli, ni kifungo chake. Na Novemba 2021, mwaka ule ule Wabelgiji walipoiacha yao, tume ya Kinshasa ilipiga marufuku wimbo wa vijana wajiitao MPR, waliouliza kwa mzaha ni nini raia hawajafanya kwa ajili ya nchi hii. Watu wakapiga kelele, na marufuku ikaondolewa upesi.

Hata Tanzania, nchi ya utani, ilijikwaa hapo. Mwezi wa Mei 2020 mchekeshaji Idris Sultan alikamatwa baada ya kuonekana katika video akiicheka picha ya zamani ya Rais Magufuli. Alicheka tu, hakusema neno la tusi. Akakaa rumande siku kadhaa. Alipofikishwa mbele ya hakimu, hati ya mashtaka haikutaja kicheko wala Rais. Ilitaja kadi ya simu iliyosajiliwa kwa jina la mtu mwingine.