"Hatukutarajia" sasa basi

Makamanda, kuna neno limetukaa mdomoni sisi vijana wa upinzani: "Hatukutarajia." Kila uchaguzi ukiisha tunakaa vijiweni tunalirudia. Mimi nasema muda wake umekwisha.

Zanzibar walipiga kura Oktoba 25, 2015. Wapo wawakilishi na madiwani waliokuwa wameshapewa hati za ushindi. Tarehe 28, Mwenyekiti wa ZEC, Jecha Salim Jecha, akatokea kwenye televisheni akafuta uchaguzi wote. Ukarudiwa Machi 20, 2016, CUF wakasusia, Dk. Shein akatangazwa kwa zaidi ya asilimia 91. Haya, pale tulikuwa na haki ya kushangaa.

Lakini 2019 je? Uchaguzi wa serikali za mitaa, wagombea wa upinzani wakaenguliwa kwa wingi kwa madai kwamba wamekosea kujaza fomu. CHADEMA wakajitoa Novemba 7. Novemba 24, CCM ikabeba zaidi ya asilimia 99 ya viti. Tukashangaa tena. Mwaka 2020 tukategemea simu kutumiana matokeo, mitandao ya kijamii ikabanwa kabla vituo havijafunguliwa. Tukashangaa mara ya tatu!

Mnaona? Hila haipiti mlango uleule mara mbili. Ukikesha kulinda mlango wa jana, utaingiliwa dirishani.

Nitoe na kosa langu. 2020 nilikuwa wakala. Kura zilipohesabiwa nikaambiwa nakala za fomu ya matokeo zimeisha. Sikuwa nimesoma kanuni, sikuwa na namba ya mwanasheria, simu yenyewe chaji imekata. Nikarudi nyumbani na hasira tu. Na hasira haihesabiwi kituoni.

Kuna atakayesema, "Refa ni wao, kujipanga kutasaidia nini?" Ni kweli, Katiba yetu hairuhusu matokeo ya urais kupingwa mahakamani. Lakini ya ubunge na udiwani yanapingwa, na hakimu hatakuuliza uliumia kiasi gani. Atakuuliza karatasi iko wapi.

Kwa hiyo tuanze sasa, siyo wiki ya kampeni. Fomu ya mgombea ikaguliwe na watu wawili kabla haijatoka mkononi, na nakala ibaki kwetu. Wakala asome kanuni mpaka aweze kumwonyesha msimamizi kifungu. Kila kata iwe na bodaboda wake wa kubeba nakala za matokeo, mtandao uwepo usiwepo. Na taarifa ya kuamsha watu isisambazwe mpaka viongozi wa kata waithibitishe, maana uongo mwingine unatungwa makusudi ili tuingie barabarani vibaya.

Hila mpya itakuja, hilo halina ubishi. Safari hii itukute tumeshika karatasi.